Ahsanta

Kaseti ya tatu imekataa.
Nimeisugua meno kwa kifutio cha penseli,
nimeipuliza, ingawa najua kupuliza hakufai kitu:
ni mate yetu ya utotoni yaliyoiozesha shaba.
Ya kwanza na ya pili zimo ndani ya laptopu tayari,
kila moja ndogo kuliko picha moja ya harusi ya jirani.

Duka langu liko Wete, njia ya kuteremkia bandarini.
Kibao nje kinasema SIMU, CHAJI, REDIO.
Hakisemi kwamba baada ya Isha
fundi hufunga mlango akafukua wafu wa plastiki.

Ami Khelef aliuleta kutoka Maskati:
mtambo wa manjano, vitufe vikubwa kama biskuti,
kalamu imefungwa kamba isikimbie.
Maboga ya kuhesabu. Herufi za kupanga.
Chura wa kuruka kutoka alif hadi ya,
na ukipatia, bwana mmoja humo ndani hukwambia
*Ahsanta!*
Ahsanta kwa kaka Shaame. Ahsanta na kwangu mimi,
nimekaa chini na gauni la skuli.
Maalim Zuwena wa chuoni ndiye aliyenistua:
mwanamke huambiwa ahsanti.
Nikarudi nyumbani nikapatia mara kumi, mara ishirini,
nikimsubiri bwana yule anione.

Umeme siku zile ulikuja ukitaka.
Tulitia betri za mawe, nne, za kuiba,
za redio ya mama, naye yu sikio wazi kwa matangazo ya vifo.
Zikichoka tulizianika ukingoni mwa jamvi la karafuu,
tukizigeuza kwa zamu,
na bwana wa ndani alipoanza kuishiwa
ahsanta yake ilinenepa, ikalala, ikashuka kisimani:
aaah-saaan...
Tulicheka hata tukapaliwa.

Siku arubaini sasa naifundisha kompyuta ya leo
ujinga wa juzi.
Ihesabu polepole. Isijue rangi zaidi ya nne.
Mwanzo chura aliruka kabla hujamgusa.
Nikampunguza mbio, akaruka nusu,
akaning'inia hewani wiki nzima
kwa sababu ya sifuri moja niliyoiweka pasipo pake.

Shaame yuko huko Maskati siku hizi. Alipiga simu.
"Imesema?"
"Imesema."
"Weka nisikie."
Nikaweka. Akanyamaza, gari zikipita nyuma yake.
"Si yeye huyu," akasema. "Huyu hachoki."

Kweli. Nakala haijui betri.
Basi nikatia kitufe pembeni, nikakiita JUA.
Usipokigusa, sauti huanza kuzama.
Kibonye mara tatu, kama ugeuzavyo betri jamvini,
nayo hupanda, hupanda.
Kwenye mtambo hakikuwamo.
Mhifadhi wa kweli asingethubutu.
Mimi nimetia, na harufu ya karafuu ningetia
ningelijua namba yake.

Ila ahsanta sikuigusa.
Si kwamba siwezi. Yule bwana akihesabu kwa Kiarabu
hufika kwenye tis'a, na mwanzoni mwake mna *ti* safi kabisa.
Usiku mmoja niliikata,
ipo kwenye folda peke yake, fupi kama kwikwi,
ingetosha kuigandisha mwishoni mwa neno
na miaka thelathini ikalipwa.
Niliisikiliza. Nikaifunga.
Ukishaanza kuwatia wafu maneno mdomoni
utaachia wapi?

Jana Mize, wa miaka sita, alikalia stuli yangu.
Akahesabu maboga, tisa, akabonyeza.
*Ahsanta!* bwana akasema.
Mwanangu hakuinua hata uso.
"Ahsanti," akamrekebisha, kama amwonyaye mdogo wake.
"Mie mwanamke."
Akaendelea na maboga mengine.